Mwongozaji anasema sikuigiza, niliishi tu. Je, mimi ni mwigizaji?

Swali: Shikamoo mwalimu. Nilisomea ngoma na maigizo Bagamoyo. Sasa ni mwaka wa sita niko Athens, namtunza bibi mmoja wa Kigiriki mtaa wa Kypseli, na Jumamosi nafundisha watoto ishirini ngoma kwenye ukumbi wa kanisa. Kuna mwongozaji amenifuata na kamera miaka miwili: jikoni kwa bibi, kwenye basi, ukumbini. Filamu imepokelewa kwenye tamasha la Thessaloniki, mwezi wa tatu. Nilipouliza malipo alinijibu kwa upole kwamba sikuigiza, niliishi tu, na watu wa filamu za namna hii hawalipwi. Sasa mwongozaji mwingine naye ananitaka. Je, mimi ni mwigizaji au siyo? Na mtu anaweza kuifanya hii iwe kazi?

Jibu: Marahaba, dada yangu. Nianze na swali la pili, maana jibu lake ni fupi na chungu. Hapana. Kuonekana tu kwenye filamu za makala za Kigiriki hakumlishi mtu. Nilishika maiki kwenye filamu hizo miaka kadhaa kabla sijarudi kufundisha, na sikumwona hata mmoja aliyelipa kodi ya nyumba kwa kuonekana. Lakini swali la kwanza ndilo lenye nyama. Mwongozaji wako amekuambia nusu ya ukweli, na hiyo nusu aliyoiacha ndiyo inayokuhusu.

Wagiriki humwita mwigizaji *ithopoios*. Ithos ni tabia, mwenendo wa mtu, na hilo pande la pili linatokana na kitenzi cha kutengeneza. Mtengeneza tabia. Sasa niambie: mtu anayejua kamera iko hatua mbili kutoka kwenye sufuria, akaendelea kumenya viazi kana kwamba haipo, hatengenezi kitu hapo?

Nakumbuka nyumba moja hukohuko Kypseli, ghorofa ya nne, lifti mbovu. Kila asubuhi nilimbandika mama mwenye nyumba maiki ndogo chini ya kola, waya ukashukia mgongoni. Wiki ya kwanza, kila alipofungua friji aliifunga polepole, kama yuko kwa watu. Wiki ya tatu aliifunga kwa teke. Mwongozaji akanitupia jicho la furaha: sasa amezoea, sasa filamu imeanza. Mimi nilikuwa na hedifoni masikioni, na nilisikia kitu ambacho yeye hakukisikia. Kabla ya lile teke, yule mama alivuta pumzi. Wewe umesoma Bagamoyo, unaijua pumzi ile. Ni ya mtu aliyesimama nyuma ya pazia akingoja zamu yake. Hakuwa amesahau kamera hata kidogo. Alikuwa ameshajua kamera inapenda nini, akaamua kuipa.

Kwa hiyo, ndiyo, uliigiza. Si kwa maana ya kudanganya. Ulichagua nini kionekane, ukakirudia siku baada ya siku kwa miaka miwili bila kuambiwa na mtu, na ukabeba uzito wa kutazamwa. Huo ni ufundi, na wako ulifundishwa darasani.

Hata walioasisi sinema ya namna hii hawakuamini sana habari ya "aliishi tu". Eva Stefani, ambaye kwa maoni yangu ndiye mkono mzuri kuliko yote katika sinema ya Kigiriki ya kutazama bila kuingilia, alipitia Ateliers Varan ya Paris, shule iliyochipuka kutoka mawazo ya Jean Rouch. Na Rouch, Mfaransa aliyepiga filamu zake nyingi Niger, alisema waziwazi kwamba kamera huchokoza: ikiwekwa mbele ya mtu, humtoa kitu ambacho bila yake kisingetoka. Mmoja wa watu wake wa Niger, Damouré Zika, alikuwa naye miongo mingi. Alicheza mbele ya kamera, akashika kinasa sauti nyuma yake, na hakuna anayeijua kazi ya Rouch anayemtaja Zika kama mtu "aliyepigwa picha" tu. Alikuwa mwenzake kazini. Ukimwuliza mwongozaji wako amesoma nini, uwezekano ni mkubwa Rouch yumo. Basi mkumbushe Zika.

Sasa tuje kwenye sheria, kwa sababu hapo ndipo neno "hukuigiza" linapogeuka kuwa hesabu.

Ugiriki wana sheria ya hakimiliki namba 2121 ya mwaka 1993. Kifungu cha 46 kinawalinda wasanii wanaotekeleza kazi za sanaa, na kinawataja: waigizaji, wanamuziki, waimbaji, wanakwaya, wacheza ngoma, wachezesha vikaragosi, wasanii wa maigizo ya kivuli, watu wa sarakasi. (Hao wa kivuli wamo kwa sababu Wagiriki wana mhusika wao wa kivuli, Karagiozis, na neno letu "kikaragosi" ni ndugu yake, wote wametoka kwa Karagöz wa Waturuki.) Tazama orodha hiyo vizuri. Haiulizi kama mkanda ulikuwa wa hadithi ya kutunga au wa makala. Inauliza ulifanya nini.

Ukiitazama filamu yako kwa jicho hilo, utaona kuna filamu mbili ndani ya moja. Jikoni kwa bibi na kwenye basi, wewe ni mtu. Pale kinachokulinda ni haki ya sura na utu wako, ambayo Wagiriki wameiweka kwenye kifungu cha 57 cha sheria yao ya madai, na mwongozaji anahitaji ridhaa yako, si lazima akulipe. Lakini Jumamosi ukumbini, ulipokaa kwenye ngoma ukaongoza watoto ishirini, hukuwa "mtu tu". Ulikuwa mpiga ngoma kazini, na kazi hiyo imerekodiwa, itaonyeshwa, pengine itauzwa kwa televisheni. Dakika hizo zina jina kisheria, na jina hilo ni msanii.

Watakuambia ngoma ya asili haina mtunzi. Jiandae na jibu. Kama ulibadilisha mpangilio, ukaunganisha mapigo mawili, ukawatungia watoto wale hatua zinazowafaa, huo mpangilio ni kazi yako, na andika sasa hivi lini uliutunga na kwa darasa gani. Hoja hiyo ina mabonde yake, kwa hiyo ipeleke kwa mwanasheria wa hakimiliki kabla ya mwezi wa tatu na si baada. Baada ya onyesho la kwanza sauti yako hupungua nguvu; kabla ya onyesho, mtayarishaji anahitaji makaratasi yake yawe safi, na hapo ndipo watu huwa wasikivu.

Usiende na hasira. Ile kanuni ya kutowalipa watu wa makala haikutungwa na watu wabaya. Hofu ni kwamba ukimlipa mtu kwa siku, ataanza kukutungia visa ili siku ziongezeke, ataleta ugomvi usiokuwepo. Ni hofu ya kweli, nimeshaona. Kinachoniudhi ni pale kanuni hiyo inapotumiwa kumnyima mtu hata nauli. Kampuni moja niliyowahi kuifanyia kazi ilimkalisha mwanamume mmoja miezi minane bila kumpa senti, kisha ikalipia kahawa ya wageni kwenye sherehe ya onyesho la kwanza kwa pesa ambazo zingemlipia umeme mwaka mzima. Siku zako za kazi zilizopotea, usafiri, simu, hizo ni gharama, na zinadaiwa hata kwa mtu ambaye hakuigiza chochote.

Na hili la kuitwa "siyo mwigizaji" lisikuume peke yako. Mwishoni mwa 2022 Ugiriki ilitoka amri ya rais, namba 85, iliyowaweka wahitimu wa shule za maigizo, kwa ajira za serikali, daraja moja na mtu aliyemaliza sekondari. Mwanzoni mwa 2023 wanafunzi walizikalia shule zao na waigizaji wakajaa barabarani. Hao wana vyeti vya Kigiriki na chama cha waigizaji kilichoanzishwa 1917. Ukienda kwenye chama hicho, SEH, utawakuta watu wanaoelewa vizuri sana maana ya kuambiwa kazi yako si kazi.

Sasa kuhusu njia ya maisha. Ngoja nikuonyeshe watu watatu wanne ambao kamera ya makala iliwapitia huko, kisha uniambie unajiona kwa nani.

Mwaka 2000 alitoka Filippos Koutsaftis na *Agelastos Petra*, filamu kuhusu mji wa Eleusis, kilomita ishirini hivi magharibi ya Athens. Jina linatokana na jiwe ambalo hadithi za kale zinasema mungu Demetra alikaa juu yake kumlilia bintiye, jiwe lisilocheka. Koutsaftis aliurudia mji ule na kamera miaka 12. Kati ya viwanda vya saruji na mafuta na magofu yaliyofunikwa na lami, kuna mtu anaitwa Panagiotis Farmakis, asiye na makao, anayezunguka akiokota vipande vya mawe ya kale ambavyo matingatinga yameviacha. Ndiye moyo wa filamu. Wagiriki waliomwona hawamsahau. Hakuna mwigizaji wa kulipwa ambaye angempata mtu yule, na hakuna filamu ya pili ambayo ingeweza kumtumia. Alitoa kila alichokuwa nacho mara moja. Ukiwa mkali utasema alitumika. Mimi nasema aliheshimiwa, lakini heshima haikuwa njia ya maisha.

Mwingine ni nahodha wa walinzi wa pwani kisiwani Lesbos, Kyriakos Papadopoulos. Daphne Matziaraki alipanda boti yake wakati wakimbizi wanavuka kutoka Uturuki, na filamu yake fupi ya 2016, *4.1 Miles*, ilifika hadi kuteuliwa kwa Oscar. Dunia nzima iliiona mikono ya nahodha yule ikivuta watoto kutoka majini. Kisha akarudi zamu. Mwaka 2018 moyo wake ulisimama, akiwa na miaka 44. Namtaja si kwa kukutisha. Namtaja kwa sababu watu hudhani umaarufu wa makala hubadilisha ratiba ya kesho yake. Haubadilishi. Kesho yake ni zamu ileile.

Halafu kuna *O Manavis* ya Dimitris Koutsiabasakos, ya 2013. Ninaipenda kuliko ninavyopaswa, labda kwa sababu ya sauti zake. Mwuza mboga, Nikos, na mkewe Sofia wanapakia gari Trikala na kupanda vijiji vya milima ya Pindos, misimu yote minne. Kiangazi vijiji vimejaa, watu wanagombania matikiti. Baridi ikija, mlango mmoja tu ndio unaofunguka, kikongwe anatoka na kikapu, ananunua machungwa mawili na maneno mengi. Hao wawili mbele ya kamera ni mahiri, wana utani wa wakati wake kama watu wa jukwaani. Lakini angalia: walikuwa wanauza mboga kabla ya kamera, wakati wa kamera, na kamera ilipoondoka. Filamu haikuwa riziki yao. Ilikuwa dirisha lililofunguliwa kwenye riziki iliyokuwepo. Vivyo hivyo wakulima wa kijiji cha Elias ambao Marianna Economou aliwapiga filamu wakizipigia nyanya zao muziki wa Wagner, filamu ambayo Ugiriki iliipeleka kushindania Oscar kwa mwaka 2019. Watazamaji wakitoka ukumbini wakiwa wamewapenda, kuna chupa za nyanya za kununua.

Umeona ninakokwenda. Nyanya yako ni ngoma.

Aliyefika mbali zaidi, na ndiye ninayetaka umfikirie usiku, ni Betty Vakalidou. Alizaliwa akaitwa mvulana, akaishi mwanamke, katika Ugiriki ya miaka ambayo hilo lilikuwa la kukamatwa na polisi mtaani. Mwaka 1979 Dimitris Stavrakas alimtengenezea filamu fupi ya makala, jina lake *Betty*, naye akasimulia maisha yake mwenyewe mbele ya kamera. Ingeweza kuishia hapo: uso mmoja, kisa kimoja, makofi, kwaheri. Yeye akakichukua kile kisa akakirudisha mikononi mwake. Aliandika kitabu cha maisha yake. Yaani yale yaliyokuwa malighafi ya mtu mwingine yakawa kazi yenye jina lake juu ya jalada. Na miaka 30 baada ya ile filamu, 2009, Panos Koutras alipotengeneza *Strella*, filamu ya hadithi kabisa, Betty yumo, kwenye nafasi ya kuigiza, kwa jina la mhusika na si lake.

Tafakari hatua zile. Makala ilimtambulisha. Kitabu kikamtenganisha na makala, kikaonyesha kwamba kuna mtu anayejua kusimulia na si mtu mwenye kisa tu. Nafasi ya *Strella* ikaja baadaye. Hakuishia kuwa Betty yuleyule wa makala. Ndiyo maana nakuambia uangalie sana huyu mwongozaji wako wa pili anataka nini. Akikuambia, "Nataka uwe ulivyokuwa kwenye ile filamu," anakuomba umwuzie mtumba. Mtunza bibi kutoka Afrika, mpole, anacheka na machozi, anapanda basi la alfajiri. Wameshaiona sura hiyo. Wanataka nyingine inayofanana nayo. Na mtu aliyecheza sura hiyo mara mbili hupata shida kucheza nyingine, kwa sababu kila meza ya uteuzi wa waigizaji itasema, "Ah, yule dada wa ile makala."

Athens imetuzoea sisi kwa sura chache. Kuna ya baharia wa Piraeus, yule aliyezamia meli Dar akateremkia huko, kuna ya mchuuzi, kuna yako. Hakuna ubaya kwenye yoyote kati ya hizo, ni kweli za watu wetu. Ila zikiwa ndizo pekee, ni wewe utakayeishia kuzilipa.

Kwa hiyo mwulize maswali mawili tu, kabla ya kahawa ya pili. Je, nitakuwa nacheza mhusika mwenye jina lisilo langu? Kama ndiyo, ni kazi ya uigizaji, ina mkataba wa uigizaji, siku zinahesabiwa, na SEH watakuambia kiwango. Kama siyo, je, kuna ngoma ndani yake, na nani anaitunga? Akishindwa kujibu la pili, mwambie utafikiri, kisha usifikiri.

Kwenye filamu ya kwanza, omba mambo haya kwa maandishi, kwa adabu: kuiona kabla haijafungwa kwenye uhariri, jina lako mwishoni mara mbili (mara moja kama mhusika, mara ya pili kama mtunzi na mpiga ngoma), malipo ya vipande vya ukumbini, na tiketi na malazi ya Thessaloniki. Hilo la mwisho usilidharau. Tamasha lile la makala, alilolianzisha Dimitri Eipides mwaka 1999, ndiko wanunuzi wa televisheni na waongozaji wa nchi zote za Balkani wanakokutana kila Machi. Onyesho likiisha, hasa kama ni pale ukumbi wa sinema wa Olympion kwenye uwanja wa Aristotelous, taa zitawashwa na mtu ataomba maikrofoni akuulize kwa Kigiriki, "Hivi ndivyo ulivyo kweli?" Huwa wanauliza, sijui kwa nini, kila onyesho. Usimwachie mwongozaji ajibu. Na kama unaweza kuwa na ngoma karibu, jibu kwa ngoma dakika moja, kisha zungumza.

Kuna jambo moja hukuniuliza, na limenikaa tangu nisome barua yako. Bibi. Yumo ndani ya filamu, jikoni mwake, pengine amevaa vazi la kulalia. Nani aliweka saini kwa niaba yake? Kama akili yake bado nyoofu, alielewa filamu itaonekana na watu? Kama si nyoofu, watoto wake wanajua? Nimewahi kuona familia ikimfukuza mfanyakazi siku moja baada ya kumwona mama yao kwenye skrini, na mwongozaji alikuwa ameshapanda ndege. Hata kama kosa ni la mwenye kamera, anayelala nyumba ile ni wewe. Kabla ya kudai chochote cha kwako, mwombe mwongozaji awaonyeshe watoto wa bibi vipande vyote ambavyo mama yao yumo, nawe uwepo, mkae sebuleni, chai mezani. Akikataa, nitumie barua nyingine haraka.

Na yule wa pili akipiga simu kupanga siku za kupiga picha, mwambie Jumamosi hupatikani, una darasa.